Zamu Yangu Kwenye Duara la Banjo

Mdogo wangu, kuna swali lililoninyima usingizi kabla ya tamasha lile: mimi niliyejifunza banjo peke yangu chumbani kwangu Thamesmead, hapa London, nikiogopa hata majirani wasinisikie, nitaketije na watu waliolelewa na muziki huo? Digrii ninayo, lakini akili yangu hushinda ikitafuta namna mambo yatakavyoharibika.

Lilikuwa tamasha la blugrasi, muziki wa banjo, fidla na gitaa uliotoka milima ya Marekani, kwenye uwanja wa majani pembeni mwa London. Shangazi alinisindikiza na chupa ya chai. Jukwaa lilikuwepo, lakini maajabu niliyakuta kwenye mahema. Watu waliokutana asubuhi hiyo walikaa duara, mmoja akataja wimbo, nyuzi zote zikaitikia kama watu wa nyumba moja. Hakuna karatasi ya noti, hakuna kipaza sauti. Nywele zilinisimama.

Desturi yao, anayeongoza wimbo hukupa zamu ya kupiga ukisikika wewe, kwa kukuinamishia kichwa. Usipotaka, unatikisa chako, zamu inasonga, na hakuna anayekuuliza. Niliketi nao na banjo yangu, zamu ikanifikia, nikatikisa. Ikazunguka tena, nikatikisa.

"Wewe," Shangazi akaninong'oneza kwa nyuma, "hiyo banjo umeileta ipunge hewa?"

"Nitakosea, Shangazi."

"Na ukikosea, watakurudisha kwetu Kisumu? Hebu tazama yule nyanya."

Zamu ilikuwa imefika kwa mama mzee mwenye fidla, vidole vikimtetemeka. Hapo nikaona kitu ambacho hofu ilikuwa imenificha. Kila mtu alishusha mlio wake, gitaa zikabaki kama pumzi, ili yeye asikike. Vidole vilipoteleza, walimsubiri bila kuacha kupiga. Nilihisi kama nimeingia mahali pa ibada bila kubisha hodi.

Ishara iliponirudia, niliinua banjo nikapiga. Nilianza vibaya, nikaendelea. Wakashusha mlio kwa ajili yangu pia, watu nisiowajua kabisa, na Shangazi akapiga kigelegele kilichogeuza vichwa mpaka mahema ya mbali.

Basi nakusihi, wewe unayeizunguka kwaya ya Peckham bila kuingia: usingoje hofu iishe ndipo uketi na watu. Keti nayo. Zamu yako ikifika, imba. Ikifika ya mwenzako, punguza sauti asikike. Mungu akuweke kati ya watu watakaokusubiri unapoteleza, nawe akupe moyo wa kuwasubiri wao.