Kichekesho cha Walburga Chasubiri Neno la Mjane

Saa nane mchana, Jumapili. Sebule ya Walburga Haule, mtaa wa Mfaranyaki mjini Songea, imejaa watu na hakuna anayecheka. Kwa nyumba inayotengeneza vichekesho, hiyo ni dalili mbaya.

Mezani kuna televisheni ndogo na deki mbili zilizounganishwa kwa nyaya. Kwenye kiti kizuri kuliko vyote amekaa Mama Suzana Luvanda, mjane, kanga ya msiba bado kichwani. Nyuma yake amesimama mwanawe Calvin, aliyekataa kiti na kukataa soda. Nassoro, kinyozi wa Bombambili ambaye ndiye mwigizaji mkuu, amejibanza mlangoni, mguu mmoja ndani na mwingine nje, lolote likitokea.

Walburga anaingiza kanda kwenye deki. Kanda hiyo inatakiwa ipande basi la kesho alfajiri kwenda Dar es Salaam, ambako kituo kimoja cha televisheni kimempa nusu saa kwa wiki. Hiki ndicho kipindi chake cha kwanza. Kisipofika, nafasi anapewa mwingine, na wanaoitolea macho si haba.

Lakini ameshatoa ahadi kwa kinywa chake mwenyewe. Mama Suzana akisema hapana, kanda haitoki Songea.

Walburga, Mngoni mwenye umri wa miaka 38, hakuanza maisha na kamera. Alikuwa karani wa ghala la ushirika, akipokea tumbaku ya wakulima wa Namtumbo. Biashara ilipofunguliwa na wanunuzi binafsi wakaingia na malori yao, ushirika ukayumba, naye mwaka 1995 akapunguzwa kazi pamoja na wenzake. Kiinua mgongo chake kiliishia kwenye kamera ya video ya mtumba.

"Ndugu zangu walitaka ninunue mashine ya kusaga," anasema. "Waliponiona na kamera, walijua kichwa kimeharibika."

Alianza na harusi na kipaimara. Harusi moja ilimpa shilingi elfu kumi na tano, pale wenyewe walipokumbuka kulipa. Kila alipopeleka kanda kwa wenyewe, aliona jambo lile lile. Keki waliiruka, hotuba za wazee waliziruka, wakafika pale mtani anapomsema bwana harusi, na hapo walirudisha nyuma mpaka kanda ikakwaruza.

Basi akajua pa kuchimba. Siku hizi anaandika mwenyewe, anaelekeza mwenyewe, anashika kamera, na chai ya waigizaji anaipika yeye. Haandiki akiwa amejifungia chumbani. Anakwenda harusini na matangani, anakaa jikoni na akina mama, anasikiliza. Huko ndiko alikompata fundi Luvanda, na huko ndiko alikojikwaa.

Mzee Rupert Luvanda, Mhehe wa Iringa, alishona nguo soko la Songea tangu Walburga akiwa mtoto. Sindano yake ilisifiwa na ahadi zake zilichekwa, maana kila mteja aliambiwa aje Ijumaa, na hakuna Ijumaa iliyokuta nguo ikiwa tayari. Alifariki mwezi Februari mwaka huu wa 2000.

Wangoni na Wahehe ni watani, na mtani msibani ana kazi yake. Walburga aliifanya bila kubakiza. Alinyakua futi ya marehemu akaivaa shingoni, akapima jeneza, akawatangazia waombolezaji kwamba haraka ya kuzika ni ya nini, mzee huyu hajawahi kuwahi popote. Watu walicheka na machozi yakiwatoka. Mama Suzana aliikomboa ile futi kwa jogoo, kama desturi inavyotaka, na mambo yakaisha.

Walburga ndiye aliyeyaanzisha upya. Alirudi nyumbani akaandika mchezo wa fundi wa Ijumaa, akamvika Nassoro miwani na kofia kama ya marehemu, akampeleka sokoni kupigwa picha mchana kweupe. Ruhusa hakuomba. Kwa hesabu zake, aliyecheka msibani amesharuhusu, na jogoo ndiye shahidi.

Haikupita wiki, watoto wa mtaani wakaanza kumwita mjane Mama Ijumaa. Habari zikamfikia Calvin huko Namtumbo, naye akapanda lori la kwanza lililopita.

"Kaburi la baba halijaota hata majani," alimwambia Walburga alipofika. "Msibani tulikuwa sisi na watani zetu. Huko Dar, baba yangu wanamjua? Watamcheka tu."

Walburga hajitetei. "Kinachoniuma ni kwamba ana haki," anasema kwa sauti ya chini, deki ikirudisha kanda mwanzo.

Kanda inaanza. Nassoro wa kwenye kioo anamzungusha mteja, anapima, anakohoa, anaapa kwa jina la mama yake. Nassoro wa mlangoni anatazama sakafu. Ni mchezo mzuri, wa kumfanya mtu aangushe kikombe, lakini sebuleni vikombe vyote viko salama. Mama Suzana hapepesi jicho. Walburga hatazami televisheni hata kidogo. Anautazama uso wa mama huyo.

Picha inakwisha.

"Amemweza," Mama Suzana anasema hatimaye. "Hata kukohoa, ndiyo vile vile."

Calvin anainamisha kichwa. Mama yake anaendelea, bila kupandisha sauti. "Lakini mtani, utani ni wa kurudishiana. Ukinisema, nami nakusema. Mwenzako umemsema yuko chini ya udongo. Nani anamjibia?"

 Walburga anakiri kwamba hilo hakuliwaza, anaomba radhi, na mkono wake unakwenda kwenye deki kuitoa kanda. Wiki nyingi za kazi zimo ndani ya kanda hiyo.

"Sijasema utoe," Mama Suzana anamzuia. "Washa kamera yako. Namjibia mimi."

Calvin anafungua mdomo. Mama yake anamwambia neno moja la Kihehe, naye kwa mara ya kwanza tangu aingie anakaa. Walburga anaweka kamera begani.

"Huyu aliyewachekesha anaitwa Walburga, Mngoni," Mama Suzana anaiambia kamera. "Kule ushirika alikuwa anahesabu marobota ya tumbaku. Wakamfukuza, sasa anahesabu meno ya watu."

Sebule inapasuka kwa kicheko. Hata Calvin anaangua. Mama Suzana peke yake hacheki.

"Amesema mume wangu alichelewesha nguo za watu. Ni kweli. Ila gauni la harusi la huyu alilimaliza mapema. Aliyechelewa ni bwana harusi, na mpaka leo hajafika."

Kicheko kinakatika. Songea nzima inajua kisa cha mchumba yule, aliyeaga anakwenda Mbeya kununua pete akapotelea huko, na kwa miaka kumi na miwili Songea nzima imekuwa na adabu ya kutokigusa. Halafu Walburga anacheka, kicheko kirefu kinachomtoa machozi, na wenzake wanapata ruhusa ya kucheka naye.

"Tumelipana," Mama Suzana anasema, akijifunga kanga vizuri. "Peleka."

Wageni wakishaondoka, Walburga anakaa na deki zake kuunganisha maneno ya mama huyo mwisho wa mchezo. Nassoro anamshauri abakize yale ya meno, ya gauni ayakate. Ni sekunde chache tu, na Dar es Salaam hakuna atakayejua. Kidole cha Walburga kinakaa juu ya kitufe. Picha inafika kwenye gauni, inafika kwa bwana harusi, na kidole hakishuki.

"Nikikata la kwangu," anasema, "kesho nitamwomba nani avumilie la kwake?"

Amepanga kwamba kuanzia sasa atabisha hodi kwa wenyewe kabla ya kuandika, na kila kipindi kitafungwa na aliyesemwa, au mtu wake, akijibu. Siku ya kuonyeshwa atakwenda kwenye baa moja ya Bombambili yenye dishi, akae ameipa televisheni mgongo, awatazame watu.

"Nimewacheka watu miaka mitano," anasema. "Ngoja nichekwe mimi, nione panapouma. Halafu ndiyo nianze kuandika cha pili."