Namba ya Chai Sio Kitambulisho

Hapana, Mama, sikuenda Bomet kutukana serikali. Nilienda kuomba maabara.

"Maabara ya nani?" Mama alikuwa anavua gambuti mlangoni. "Wewe ulimaliza shule. Huna mtoto pale. Watu watasema unatafuta kura."

"Na huyu?" Nikamwonyesha mdogo wangu, anasonga ugali kama hasikii. Ameitwa Gredi ya Kumi kwa shule ya kutwa hapa karibu na Mogogosiek. Haina maabara, kwa hivyo haina masomo ya sayansi, na bila hayo hakuna unesi. Huyu mtoto alikuwa anadunga migomba yetu sindano za miiba kabla ajue kusoma.

"Serikali itajenga ikiwa tayari," Mama akasema.

Hiyo ndiyo ilinichoma, kwa sababu mchana nilikuwa nimeambiwa karibu hivyo hivyo. Karani wa bunge la kaunti, mama mmoja wa miwani, alisoma ombi letu lenye sahihi za majirani mpaka mwisho.

"Msichana wangu, kaunti ni chekechea na vyuo vya ufundi. Sekondari ni ya serikali kuu. Hata nikipokea hii, hapa hakuna mtu anaweza kuamuru maabara ijengwe. Peleka bunge la Nairobi."

"Si katiba inasema elimu ni haki?"

"Inasema. Lakini majengo ni polepole, vile uwezo wa serikali unaruhusu. Kuomba ni haki yako. Kujibiwa pia. Kuambiwa itakuwa hapo Januari, hiyo sheria haijakupa."

Nilikuwa nimefungua mdomo nibishane. Akaweka kidole kwa karatasi. "Na hizi ni namba gani?"

"Za vitambulisho."

"Kitambulisho gani kina herufi mbele?"

Nikaangalia. Masikio yakawaka. Tulisainisha watu kwenye kituo cha majani ya chai, wakingoja kupimiwa, na pale mtu akishika kalamu mkono unaandika namba ya chai wenyewe, ile kiwanda humlipia majani yake. Mzee wa kwanza aliandika yake, wote wakamfuata mpaka chini, hata Mama, aliyesaini bila kuuliza ni ya nini. Na nani huenda kuchuna chai na kitambulisho mfukoni? Fomu ilikuwa kwa mkono wangu na sikusoma hata mstari mmoja. Bila namba ya kitambulisho haipokelewi, iwe Bomet, iwe Nairobi.

Nilipomwambia Mama alicheka mpaka akashikilia mlango. "Basi kiwanda ndio kitajenga!" Halafu kicheko kikaisha. "Kitambulisho changu sitoi. Ukiandika namba ya chai, hayo ni majani. Kitambulisho ni mimi."

Mdogo wangu akaacha mwiko ndani ya sufuria. "Hata mkiandika poa, si Nairobi watajibu kama nishaanza shule?"

Ni kweli, watajibu akiwa amechelewa.

Kesho saa kumi na mbili, kabla watu waingie shambani, nitapita nyumba kwa nyumba na fomu mpya. Kila mtu alete kitambulisho, na nitasoma mstari wake kabla nitoke. Halafu nitapeleka barua kwa ofisi ya elimu, nidai jibu la maandishi: huyu mtoto ahamishiwe shule gani ya kutwa yenye maabara, na kama haiwezekani, kwa nini.

Mlango wa kwanza kugonga ni wa chumba cha Mama.