Sentensi Yangu na Mbwa wa Petta

Juzi nililetewa habari kwamba muuza karanga mmoja wa Petta, kule Tororo, amefariki na ameshazikwa. Wasomaji wangu wa siku nyingi hawatamkumbuka, ila watamkumbuka mbwa wake, maana miaka ile ya mwisho ya mkoloni, televisheni ilipokuwa ndiyo kwanza imefika Nairobi, mbwa huyo alionyeshwa humo. Mwenyewe nilimsifu hapa hapa, kwenye safu hii. Leo sina la kujisifia.

Alimwita mbwa wake Jirani, ili akimkaripia, yule wa upande wa pili wa ua asikie. Siku za soko walivuka mpaka pamoja kwenda Busia upande wa Kenya. Mzee alikaa chini na karanga zake, kofia kuukuu kichwani, na kila alipopita mzungu au askari, Jirani alisimama kwa miguu ya nyuma, akamvua mzee kofia kwa meno, akaishika mpaka mkubwa apite. Nyakati hizo kutovua kofia mbele ya mkubwa kulikuwa kosa la kupigwa kofi, kwa hiyo soko zima lilicheka kimoyomoyo. Watu wa televisheni wakasikia, wakawaita Nairobi. Mtangazaji, mzungu, akavaa kofia yake mwenyewe na kumwamuru mbwa aivue. Jirani akaivua vizuri kabisa, kisha akampelekea muuza karanga. Sisi tuliojazana nje ya dirisha la duka la redio tulicheka hadi machozi.

Nami nikaenda kuandika. Niliandika kwamba nchi hizi zina raia mmoja tu asiyejua mpaka: Jumatatu analala Petta, Jumanne anakula Busia, wala hamwonyeshi mtu karatasi. Niliipenda sentensi ile, nikajisomea kwa sauti mara mbili. Wakati huo palikuwa na amri ya kichaa cha mbwa, na kuvusha mbwa bila kibali cha daktari wa mifugo kulikatazwa. Nilijua, kwa kuwa gazeti letu ndilo lililoichapa amri hiyo. Haukupita muda, askari wakamngoja kwenye kizuizi cha mpakani na safu yangu mkononi. Mzee alipotua gunia na kuchuchumaa akaguliwe, Jirani aliona mkubwa, akamvua mzee kofia kama desturi yake. Walimpiga mbwa risasi kofia ikiwa mdomoni.

Nilikwenda Petta kumtaka radhi. Alinipa kigoda, akasema, "Bwana, wewe naandika kweli tu. Sisi navuka kila wiki. Lakini watu yote ya soko najua, na hakuna mtu nasema." Nilipoaga alinifungia karanga za kula njiani, nami, bila haya, nikazipokea. Nasikia hakuvaa kofia tena.

Wahenga walisema mdomo uliponza kichwa, lakini mdomo ulikuwa wangu na kichwa cha mwingine. Akina mama wa soko lile, wengi wao wasiojua kusoma, waliitunza siri ile kwa miaka. Mimi msomi nilishindwa kuitunza hata wiki moja, kwa sababu ilinipa maneno matamu. Siku hizi sentensi ikinipendeza mno, nauliza kwanza ni nani atakayesimamishwa kwenye kizuizi kwa ajili yake. Nimefuta nyingi nzuri. Niliyopaswa kuifuta ni ile moja.