Mjomba Ndani ya Kasha la Viatu

Mjomba wangu amefunga mizigo katika stoo ya viatu kwa miaka ishirini, na kwa ubishi hana mfano. Wenzake hujaza kasha, wakahesabu maboksi, basi. Yeye hataki! Kila kasha jipya likija, lazima aingie mwenyewe na rula.

"Kasha halipimwi kwa nje," husema. "Nje ni urembo tu."

Jumanne likaletwa kasha la kadibodi nene. Mjomba akavua viatu, akaingia, akachuchumaa. Tukasikia sauti ikitoka humo: "Urefu, maboksi matatu. Upana, manne. Kwenda juu, matano."

Kisha akataka kutoka, asiweze. Magoti yalikuwa yamekwama huku, mgongo kule, na tumbo ndilo lililokaba kabisa. Tukamvuta mikono, wapi!

Msimamizi akaja amekunja uso.

"Mzee, linaingia maboksi mangapi?"

"Sitini kamili, bosi."

"Na wewe ukiwa humo humo?"

Mtu mwingine angeona haya. Mjomba akapima kwapani kwa rula, akapima chini ya kidevu, akafikiri.

"Mawili," akasema. "Matatu, nikivuta tumbo."