Maua ya Neema Ndani ya Barafu

Alijua, au hakujua? Swali hilo limeninyima usingizi majuma matatu. Lakini kabla sijaanza kujitetea, niseme wazi: kosa ni langu. Niling'oa maua ya kaburi, nikapamba nayo bakuli la barafu la kuandalia matunda!

Nimemaliza chuo kikuu, kazi sina. Nikajifunza kutengeneza mabakuli hayo. Unaweka bakuli dogo ndani ya kubwa, katikati unapanga maua na majani ya mchaichai, unamwaga maji yaliyochemshwa, unagandisha. Likitoka, linang'aa kama kioo. Familia moja ya mtaa wa Ngezi ikaniagiza bakuli la ndoa ya binti yao. Agizo langu la kwanza!

Maua niliyoahidiwa hayakufika. Mvua iliharibu njia. Niliwaza mambo mia, na katika yote mia sikuwaza kubisha kwa jirani na kuomba.

Jirani yetu hapa Bigo ni Mama Furaha. Binti yake, Neema, alikufa wakati wa vita, siku ambazo makaburini hakukufikika. Alizikwa nyuma ya nyumba. Hana msalaba, ana mstari wa maua meupe tu.

Nilijua! Mama Furaha alipokwenda kanisani, nikaingia uani kwake. Nilitaka machache, lakini udongo ulikuwa umelowa, yakatoka na mizizi. Nikajiambia: yakibaki mengine, itaonekana ni mkono wa mtu, si mnyama. Nikang'oa yote.

Mama aliporudi alimlaumu Baba Samueli, jirani wa pili, mtu wa upande uliopigana na wetu. Alikuwa amerudi juzi tu kutoka ukimbizini.

"Mbuzi yake imekula mutoto yangu!" alilia.

Majirani wakadakia: "Tulisema! Hawa watu hawawezi kubadilika!"

Nami nilisimama pale, udongo ungali kwenye kucha zangu. Nikaficha mikono mgongoni.

Siku ya ndoa Mama Furaha, naye mwalikwa, alifika mezani. Hakuchota matunda. Aliweka kiganja juu ya barafu, penye ua moja, mpaka maji yakamtiririka hadi kwenye kiwiko.

"Maua hii ilitoka wapi, mutoto yangu?"

"Ilitoka Aru, mama. Ilikuja na gari."

Akamtazama bibi harusi, kisha barafu. "Basi Neema naye amefika ku ndoa."

Barafu ikayeyuka. Maua yakaachia moja moja, nikayaokota.

"Muone universitaire anaokota takataka!" wapishi wakanicheka, mimi mtu wa chuo kikuu.

Tangu hapo, kila nishikapo kitu cha baridi, nahisi kiganja kile.

Jana asubuhi nikamkuta Baba Samueli akifunga mizigo. Alikwisha kumchinja mbuzi ili maneno yaishe. Hayakuisha.

"Siye tunarudia kule tulitoka," alisema, akacheka kidogo.

Ndugu zangu, ombeni! Aibu ya kuomba hupita. Na mkikosa, msimwachie kosa lenu mtu ambaye watu walikuwa tayari kumchukia. Kwetu amani bado ni changa, hata ua linaweza kuivunja.

Nilimshika mkono Baba Samueli, tukaingia kwa Mama Furaha. Nikapiga magoti, nikasema yote: maua, mbuzi, uongo wa Aru. Nikaweka juu ya mkeka yale maua makavu, na kando yake miche mipya.

Aliweka kiganja juu ya yale makavu. Hadi leo sijui kama alijua.

"Baba Samueli, ikala, usiende," alisema mwishowe. Kisha, bila kunitazama: "Jembe iko nyuma ya mulango."

Nikalichukua.