Jina la Njiani

Mama mkwe wangu alimpa binti yangu jina la kilugha wanalopewa watoto waliozaliwa njiani. Njiani! Mimi niliyehudhuria kliniki bila kukosa hata mwezi mmoja. Nikienda mashineni kusaga, wanawake wa kijijini kwetu Kinyangiri walinitania: "Wewe, usije ukatuzalia hapa kwenye foleni." Nilikuwa nacheka huku roho inaniuma.

Ninachokumbuka ni uchungu kunishika tukipalilia alizeti, na mama mkwe akihangaika kufunga ng'ombe kwenye mkokoteni. Tulikuwa wawili tu, mume wangu alikuwa Rungwa anarina asali. Baada ya hapo nakumbuka kitanda cha kituo cha afya, dripu mkononi, mtoto kifuani. Hata kadi ya mtoto imeandikwa kazaliwa kituoni. Sasa hiyo njia ilitoka wapi?

Miaka sita tulivutana. "Kazaliwa njiani," anasema, kisha anaendelea kupeta mtama wake, basi. Nilimwona mkaidi, anayetaka nionekane mzembe mbele za watu.

Mwaka huu mtoto anaanza shule na anatakiwa awe na cheti cha kuzaliwa. Nikaapa kwamba jina lile haliingii kwenye cheti, na ushahidi nitauleta mwenyewe. Kituoni wakanizungusha wee! Mara daftari la wazazi limefungiwa, mara mwenye ufunguo yuko semina, mara njoo Jumatatu. Safari ya nne niligoma kuondoka pale kwenye benchi. Muuguzi alipochoka na mimi akalitoa, akapekua, akanisomea:

"Amezaliwa njiani. Mama ameletwa hajitambui, anatoka damu nyingi. Kitovu kimefungwa kwa kipande cha kanga. Aliyezalisha: bibi wa mtoto."

"Na kadi je?" nikamuuliza kwa ukali.

"Aliyeijaza alikosea, dada. Huku ndiko kulikoandikwa siku ileile."

Nilirudi nyumbani na hasira zangu zote, ila sasa sikuwa na wa kumshushia. Ng'ombe wawili, mimi nimezimia, kichanga mikononi, na yeye peke yake porini. Halafu mimi miaka sita namnunia!

Nilimkuta uani na ungo wake.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba."

Nikamwambia nimesomewa daftari. "Sasa mbona hukuniambia?" nilimfokea, machozi yananitoka.

Hakuinua macho. "Nilikuwa nakuambia kila siku," akasema. "Kila nilipomwita mtoto."