Sahani Isiyo na Damu

"Huyo ataishia kufagia maabara," alisema jirani yetu mfugaji nilipokwenda Mwanza kusomea stashahada. Nilirudi nayo Karagwe, hospitali ikaniajiri, na nasema bila haya: kuanzia Bugene hadi Nkwenda hakuna aliyeotesha bakteria kwa mkono mwepesi kama wangu. Karo ilitoka kwenye mikopo ya ndugu, na kwa bibi mmoja wa Ihembe aliyeuza kahawa yake kabla haijakauka ili anikopeshe.

Mjukuu wa bibi huyo ndiye aliyeletwa na homa ya uti wa mgongo. Bakteria wake alikuwa mchaguzi. Kwenye chakula cha kawaida hastawi. Anataka kilichochanganywa na damu ya kondoo. Sahani za kuoteshea zenye damu zilikuwa zimetuishia, na kondoo wa karibu walikuwa wa yule mfugaji.

"Kamwombe," mkuu wa maabara aliniambia. "Ni sindano moja tu shingoni, kondoo hafi."

Nikasema nitakwenda. Sikwenda. Niende kupiga magoti kwa yule? Nilitumia sahani isiyo na damu, nikapanga juu yake vipande vya karatasi vyenye dawa mbalimbali, kuona ipi inawaua. Kesho yake bakteria walikuwa wameota haba, kama ukungu, na kila dawa imezungukwa na duara pana tupu, kana kwamba zote zinawaua. Ilikuwa njaa iliyowazuia, si dawa. Nililijua hilo tangu darasani. Nikaandika: dawa anayopewa inafaa.

Siku ya tatu mtoto alizidiwa. Nikaenda zizini.

"Shikamoo."

"Marahaba. Msomi, leo shida yako iko kwa kondoo?"

Nikamweleza habari za mtoto. Alimkamata kondoo mwenyewe, akamshikilia shingo nikivuta damu. "Ungekuja mapema," alisema. "Maneno ninayo mengi, lakini mgonjwa simnyimi."

Kwenye sahani ya damu bakteria waliota hadi ukingoni mwa karatasi ya dawa aliyokuwa akipewa. Ile dawa haikuwa imewagusa. Daktari akaibadilisha, mtoto akapona, ila sikio la kushoto halikusikia tena.

Msimu uliopita wa kahawa niliwalipa wote walionikopesha, siku moja, kwa pikipiki yangu mwenyewe na shati jeupe. Bibi alikuwa wa mwisho. Alizifunga hela kwenye pindo la khanga, akarudi kwenye ndizi alizokuwa akimenya.

"Hatudaiani tena, mwanangu."

Nikamwita mtoto, aliyekuwa akicheza karibu na migomba. Hakugeuka. Ndipo nilipomweleza bibi yote, sahani na kiburi changu. Aliendelea kumenya ndizi mpaka ile ya mwisho.

"Kamwambie mwenyewe," alisema. "Kaa upande wake wa kulia."